Kifungua Kinywa cha Fundi Salimu

Mwezi uliopita nilipanda ndege kwenda Johannesburg kumzika Mama Zubeda, na nikachelewa. Maziko yetu hayasubiri mtu wa ndege. Nilipofika Troyeville, mtaani kwake, alikuwa ameshazikwa tangu adhuhuri ya jana yake. Nikakaa mkekani na wanawake wengine, nikala wali wa matanga, nikapokea pole kama mfiwa, kwa sababu nilikuwa mfiwa. Asha, binti yake, ambaye nilimwacha hajamaliza meno ya utotoni na sasa ni msichana mrefu kunipita, alinisogelea akaniuliza kwa Kiswahili chake cha kuokoteza kama bado ninayo ile filamu niliyopiga nyumbani kwao. Alitaka kumwona mama yake enzi zile akicheka. Nikamwambia ilipotea. Si kweli. Ninayo Dar es Salaam, na tangu mwaka ule nimejaribu kuitazama mara moja tu, sikuweza kuimaliza. Siku hizi hualikwa vyuoni kuzungumzia filamu zangu za Waswahili walioko ughaibuni, na kila mara huulizwa nilianzaje. Huwa nawapa hadithi ya kamera ya kuazima na mwalimu mkali, wanacheka, tunakwenda kunywa chai. Sijawahi kusema nilivyoanza hasa. Aliyekuwa ananifunga mdomo sasa amezikwa, kwa hiyo nitasema.

Nilikuwa na miaka ishirini na sita, mwanafunzi wa filamu kule Braamfontein, Johannesburg, na nilijiona najua kila kitu. Nilipanga chumba cha mbele kwa Mama Zubeda, chenye dirisha lililotazama kona ya barabara, kiasi kwamba taa ya robot, kama wanavyoziita taa za barabarani kule, ilipaka ukuta wangu rangi nyekundu, kisha kijani, kisha nyekundu tena, tangu magharibi ilipoingia mpaka nilipopitiwa na usingizi. Chumba kilikuwa na baridi isiyofukuzika kwa hita wala kwa blanketi mbili. Uhai wa nyumba ulikuwa jikoni. Mama Zubeda, mwanamke wa Tanga mwenye mikono minene na ulimi mwepesi, alipika chakula cha kuuza, na adhuhuri jiko lake lilijaa Watanzania, Wakongo, Warundi na Mkenya mmoja wa duka la simu, kila mtu na sahani yake magotini. Walibishana juu ya kila kitu. Wakongo walisema wali wa nazi ni chakula cha wagonjwa. Mama Zubeda alisema mtu anayekula sombe, kisamvu chao, asubuhi, mchana na jioni hana haki ya kumsema mgonjwa. Kila mmoja aliamini kwamba Kiswahili chake ndicho, wengine wanakiigiza, na wakati huohuo Asha alikuwa sakafuni anaongea Kizulu na mwanasesere wake. Mimi niliyasikiliza yote nikijua kwamba filamu yangu imeshajileta yenyewe. Ingeuliza nani ni wa wapi, na nani anajuaje.

Nyuma ya nyumba, ng'ambo ya kamba za kuanikia nguo, kilikuwepo chumba cha mdogo wake Mama Zubeda, Fundi Salimu. Tuliambiwa ni ndugu yake kwa baba, aliyekulia Kigoma kwa mama yake. Alikuwa mwembamba, mpole, na alikuwa na cheko la ghafla lililomshtua hata yeye mwenyewe. Alishona kanzu, sare za shule na magauni ya harusi kwa cherehani ya kukanyaga, na hakupenda kumpima mtu kwa utepe. Alikutazama mara moja tu, akaandika namba kwenye karatasi, na nguo ikaja ikakukaa. Nilimtania kwamba angekuwa polisi angewakamata watu kwa mabega yao. Hakucheka. Ijumaa alikwenda msikitini na wanaume wengine, akasimama safu ya nyuma. Nilipomwomba nimpige picha za filamu alikataa mara nne, kwa adabu, bila kutoa sababu, na mimi kwa ujinga wangu nikaona anaringa.

Mwezi wa tano nilisikia jambo ambalo ningelitilia maanani kama ningekuwa na akili ya kutosha. Mama Furaha, Mkongo aliyekuwa na saluni jirani, alikuja jikoni kabla wateja hawajaja, akakaa kwenye ndoo iliyofunikwa. Mimi nilikuwa barazani nafuta lenzi, na dirisha lilikuwa wazi.

"Kuko babwana babili banapita Turffontein," alisema. "Banamutafuta mushonaji moya wa Baraka, kule kwetu Congo, jina Élie. Banasema ni ndugu yabo."

"Si wamtafute," Mama Zubeda akajibu. Nilisikia kisu kikiendelea kukata vitunguu.

"Ndugu gani anatafutwa na motokari ya vioo vyeusi, Mama Zubeda? Bamepita makanisa yetu yote. Bako na picha, lakini ni ya zamani, sura haionekane muzuri. Banaulizia sauti yake, namna anacheka."

"Basi watachoka," alisema Mama Zubeda. Kisu kikasimama. Kilipoanza tena kilikwenda taratibu sana, na siku ile wali uliungua, jambo ambalo sikuwahi kuliona kabla.

Hapa lazima nieleze desturi moja ya kazi yetu. Kabla ya kumhoji mtu unahitaji kupima sauti yake, na ili asikakamae unamuuliza swali jepesi lisilo na uzito wowote. Duniani kote swali ni lilelile: leo asubuhi umekula nini? Mtu anajibu, wewe unatazama mshale wa sauti unavyocheza, wala humsikilizi. Hata huyo anayejibu hajisikilizi, maana anadhani kazi haijaanza. Niliwauliza wote wa nyumba ile. Mkenya alisema chai na mandazi mawili, kisha akaungama manne. Mama Furaha alisema hajala, anafunga kwa ajili ya kiuno chake. Nilipenda majibu yale kuliko mahojiano yenyewe, nikaamua filamu ifunguke nayo, moja baada ya jingine.

Fundi Salimu alikubali mwishoni mwa Ramadhani. Baridi ilikuwa kali, maombi ya kanzu za Idi yalikuwa yamemlemea, na nadhani alichoka kunikatalia. Alisema nipige mikono yake tu, uso hapana. Nikaweka kamera karibu na meza. Kanzu nyeupe zilining'inia nyuma yake, kila moja ikiwa na kibandiko cha jina la mwenyewe kolani. Nilikuwa nimefunga. Midomo ilinikauka, kichwa kiligonga, na nilikuwa nawaza futari. Nikavaa visikilizio, nikatazama mshale, na kinywa changu kikauliza chenyewe kama kilivyozoea: leo asubuhi umekula nini, fundi? Naye, akivuta uzi, akajibu vilevile bila kujisikiliza: chai, mkate, na mayai mawili, moja likaungua. Akacheka cheko lake. Mshale ulicheza vizuri sana. Nikasema, sawa, tunaanza.

Mtu ataniuliza ilikuwaje nisisikie. Nimejiuliza miaka yote hii. Nilihariri filamu Braamfontein katika chumba ambacho hakuna mwingine aliyejua Kiswahili, na ukishasikia sentensi mara hamsini inabaki mlio tu. Jibu lake lilikuwa na cheko zuri kuliko yote, kwa hiyo nikaliweka la mwisho. Mwalimu wangu alinipigia makofi. Nilijivuna mpaka Idi.

Siku ya Idi pili Mama Zubeda alialika watu sebuleni watazame. Kulikuwa na biriani, kulikuwa na tambi za sukari, watoto walikaa mbele sakafuni na wanaume wakasimama ukutani na kanzu zao mpya. Sebule ilicheka tangu mwanzo. Mkenya na mandazi yake alipigiwa miluzi. Kisha ikaja mikono ya Fundi Salimu, ambayo kila mtu aliijua, na sauti yake, ikisema chai, mkate, na mayai mawili, na cheko. Watu nao wakacheka. Halafu nikaona mmoja wa wale wanaume, Bwana Hamza wa Tanga, akitazama kwenye skrini kanzu iliyokuwa chini ya sindano, akajitazama kifuani. Ilikuwa kanzu yake, yenye tarizi ya kahawia aliyoichagua mwenyewe, aliyoipeleka kushonwa siku tano kabla ya Idi. Akainua macho. Mwingine naye akajitazama. Walikuwa wamevaa ushahidi mwilini. Cheko likaisha kidogokidogo sebuleni, kuanzia ukutani kuja mbele, mpaka wakabaki watoto peke yao.

"Alikuwa anaumwa?" Bwana Hamza akauliza, si kwa ubaya.

"Ana vidonda vya tumbo," Mama Zubeda akajibu haraka mno. "Daktari alimkataza kufunga. Kuleni, chakula kinapoa."

Fundi Salimu hakuwepo sebuleni. Alikuwa amesimama mlangoni kwa nyuma, na nilipogeuka sikumwona tena. Mtu mmoja alikuwa bado ameinua simu yake. Alikuwa anairekodi televisheni, kwa furaha tu, awatumie jamaa zake.

Mama Zubeda alinivuta jikoni akafunga mlango. Sijawahi kuogopa uso wa mtu kama nilivyouogopa wake. Hakupaza sauti. Alinieleza akiwa anaosha sahani zilizokwisha kuoshwa. Mdogo wake Salimu alikufa miaka mitatu nyuma, mpakani, njiani kuja kwake. Homa ilimchukua kwa siku mbili. Aliyekuwa naye safarini ni fundi mmoja Mkristo wa Baraka, Élie, ambaye alimzika kwa msaada wa wasafiri wengine, kisha akaubeba mfuko wake mpaka Troyeville kumkabidhi dada mtu. Ndani ya mfuko mlikuwa na mashati, Msahafu na hati ya kusafiria.

"Nikamwambia kaa," Mama Zubeda alisema. "Nikampa jina la ndugu yangu, na mimi nikanyamaza na msiba wangu. Hata matanga sikukaa, Rehema. Ningekaaje matanga ya mtu anayeshona kanzu uani?"

Nikamuuliza kwa nini wanamtafuta.

"Kule kwao watu wenye bunduki walimkalisha kwenye cherehani miezi minane awashonee sare. Aliwapima wote kwa mkono wake. Na watoto aliwapima, wamevishwa sare wapelekwe vitani. Mkubwa wao sasa anavaa suti, na hataki aishi mtu aliyewahi kumpima. Walikuwa wanatafuta Mkristo makanisani. Hawakuwahi kufikiria msikiti." Akakaza bomba la maji. "Sasa wewe umewafikirisha."

Nilikwenda uani kumwomba radhi. Alikuwa ameketi kitandani na viatu miguuni. Kwa mara ya kwanza alinisemesha kwa lugha ya kwao. "Hauna kosa, Rehema. Mimi njo nilijisahabu. Uliniuliza polepole, kama vile niko mutu wa kawaida." Nililia. Yeye ndiye aliyenipa kitambaa, kipande cha kanzu.

Siku ya nne, kipande kile cha filamu kilirudi kwetu kutoka kwenye simu ya mtu wa Durban ambaye hatukumjua. Siku ya tisa gari jeupe la vioo vyeusi lilisimama kwenye robot ya kona yetu, taa ikawa kijani na gari halikuondoka. Kesho yake likaja tena saa ileile ya mchana, likasimama mbele ya duka la spaza, na dereva akashuka akanunua maji, akaulizia bei ya kushonesha suruali. Asubuhi iliyofuata Mkenya wa duka la simu alileta gari la mizigo la rafiki yake hadi mlango wa uani. Wakapakia cherehani, magodoro mawili na mafurushi ya nguo, Élie akalala chini ya magodoro. Aliniachia mimi namba ya simu na jina la mji, Polokwane, maana simu ya Mama Zubeda ilishikwa na kila aliyeingia jikoni. "Wewe peke yako," aliniambia Mama Zubeda. "Hata mimi nikikuomba, usinipe."

Kisha akafanya jambo ambalo ni yeye tu angeweza kulifanya. Alitangaza msiba. Mdogo wangu Salimu amefariki ghafla Durban, alisema, na Waislamu wa huko wamemzika siku ileile. Samani zikatolewa sebuleni, mikeka ikatandikwa, akavaa kaniki na kukaa. Niliingia nikidhani nitaona maigizo. Nikamkuta analia kilio ambacho hakiigizwi, akimwita mdogo wake kwa jina la utotoni, akieleza alivyombeba mgongoni walipokuwa wadogo, kabla hajapelekwa Kigoma. Miaka mitatu ya msiba ilimtoka siku moja. Wanawake waliokuwa wamemsengenya Fundi Salimu kwa mayai yake waliona haya, wakalia naye. Bwana Hamza alisoma dua huku kanzu ile imemkaa barabara. Na mimi nilipiga picha, kwa sababu Mama Zubeda mwenyewe aliniambia, "Lete mashine yako. Watu waone."

Siku ya tatu, siku ya hitima, walikuja wawili wale. Walivua viatu mlangoni. Walivaa suti nzuri, mmoja mnene, mwingine na miwani na Kiswahili safi cha darasani. Walitoa pole kwa Mama Zubeda wakiwa wameinama, wakasema ni watu wa Congo, wamesikia msiba, na msiba hauna kabila. Akawapakulia pilau. Mfiwa hamnyimi mtu chakula. Wakala vizuri, wakaomba pilipili, wakanawa. Mimi nilikuwa uani natoa betri kwenye kamera nilipoona kivuli mbele yangu. Yule wa miwani alikuwa amesimama kwenye mlango wa chumba cha nyuma, ambao tuliuacha wazi makusudi, ili kila mtu aone kwamba hakuna mtu.

"Wewe ndiye dada wa filamu," alisema. "Nimeipenda kazi yako. Inachekesha." Akachungulia ndani, akatazama alama nne za miguu ya cherehani zilizobaki sakafuni. Kisha akauliza, kwa wepesi, kama mtu anayeulizia njia ya kwenda msalani, "Mashine imepelekwa wapi?"

"Polokwane," nikasema.

Ndivyo ilivyokuwa. Sikutishwa, sikushikwa mkono. Mimi ambaye kazi yangu ni kuwauliza watu wakiwa hawajajiandaa, niliulizwa nikiwa sijajiandaa, nikamwaga mtama. Nilijaribu kuongeza kwamba tumeiuza, kuna mtu wa kule aliinunua, lakini alishaitikia kwa kichwa. "Aksanti, dada," alisema, akaenda kuvaa viatu vyake.

Nilipiga ile namba kabla gari lao halijapita kona. Haikupokelewa. Nilipiga siku ile nzima, nikapiga kesho yake kutoka Braamfontein, kutoka kila simu niliyoweza kuazima. Mkenya alitaka kwenda Polokwane, nikamwomba asubiri siku moja, nikimwambia nahofia wasimfuate. Ukweli niliogopa atakachokikuta. Siku ya tatu nilikuwa jikoni, nimempa mgongo Mama Zubeda aliyekuwa anachambua mchele, na simu ikapokelewa mlio wa kwanza. "Habari za siku nyingi, dada Rehema," sauti ikasema kwa Kiswahili safi cha darasani. Nikakata.

"Ni yeye?" Mama Zubeda akauliza. Alikuwa amesimamisha mikono juu ya ungo.

"Ni yeye," nikasema.

"Yuko salama?"

"Yuko salama. Anakusalimu."

Alisema alhamdulillahi, akafuta macho kwa kiwiko, na kwa mara ya kwanza tangu Idi akaanza kuimba kwa sauti ya chini huku akichambua. Nilijiambia nitamweleza ukweli kesho. Mkenya alipokwenda Polokwane baadaye alikuta chumba cha kupanga kimefungwa kwa kufuli jipya na mwenye nyumba asiyejua lolote, nami nikamsihi asimwambie Mama Zubeda, naye mpaka anarudi kwao Mombasa hakumwambia. Mwisho wa mwaka nilihamia Dar. Idi iliyofuata Mama Zubeda alinipigia simu kuniuliza mdogo wake anaendeleaje, maana sasa hakumwita Élie tena wala Salimu, alimwita mdogo wangu tu. Nikasema anaendelea vizuri, amebadilisha namba. Idi nyingine nikasema ameoa. Uongo ukitoka mmoja unataka mwenzake, na siku moja, kwa kuwa sauti yake ilikuwa ya mtu mgonjwa na nilitaka kumfurahisha, nikasema wamepata mtoto wa kike na wamempa jina lake, Zubeda. Alilia kwenye simu. Kuanzia hapo kila mwaka alinitumia nguo kwa mtu anayesafiri kuja Dar, nimfikishie mtoto. Nguo zile nimezipanga kabatini kwa umri, kuanzia ya miezi sita.

Jioni ya siku niliyoondoka Troyeville mwezi uliopita, Asha alinisindikiza mpaka kwenye teksi, akanipa mfuko wa plastiki uliofungwa fundo. Ndani mlikuwa na gauni la kijani la msichana wa miaka kumi, kibandiko cha dukani bado kikining'inia.

"Hii mama alinunua kabla hospitali, Anti," alisema. "Ya mtoto wa anko. Alisema utajua kama inamtosha."

"Itamtosha," nikasema.

"Mimi nataka kuonana naye. Sina mtu mwingine sasa. Utanipa namba yao?"

Dereva alikuwa ameshawasha gari. Nikamwambia Asha nitamtumia nikifika.